Ndege wa Viota Viwili

Kitabu kililetwa sebuleni juu ya sinia la chai, katikati ya birika na bakuli la sukari, kimechomekwa pini za kushonea kwenye baadhi ya kurasa zake. Darubini alikitambua kabla hakijatua mezani, na moyo ukamruka kwa furaha. Mama mkwe wake mtarajiwa alikuwa mshonaji, mtu wa maneno machache, mwenye macho yanayokupima mabega na kiuno hata kabla hujaitikia salamu, na tangu riwaya ile ya Darubini itoke hakuwahi kuitaja hata kwa bahati mbaya. Leo ameileta mwenyewe, mbele ya watu, na ameiwekea alama. Masikini binti wa watu, alidhani anakuja kusifiwa.

Hakuwa na sababu ya kudhani vingine. Jumamosi ile walikutana kupanga tarehe ya harusi, basi. Yeye alikuja na shangazi yake aliyemlea tangu wazazi wake walipofariki, mwanamke mnene mcheshi ambaye alishatia mkono kwenye keki kabla hajakaribishwa. Wenyeji walikuwa watatu. Mama mshonaji, mumewe mzee mfamasia, nadhifu, shati limenyooshwa mpaka kola inaweza kukata mkate, na mtoto wao wa pekee, fundi wa lifti, ambaye watu wote walimwita Fundi na ambaye Darubini alimpenda kiasi cha kujionea aibu.

Walipendana ndani ya lifti iliyokwama. Darubini alikuwa na boksi la nyavu za kunasia ndege, Fundi alikuwa na bisibisi mdomoni.

"Usiogope, dada," Fundi alimwambia. "Lifti hii mimi ndiye ninayeitengeneza."

"Kama ni hivyo, mbona na wewe umo ndani?"

Walicheka mpaka mlango ukafunguka, na tangu hapo hawakuacha kucheka pamoja. Ni Fundi aliyembandika jina la Darubini, kwa ajili ya ile darubini aliyokuwa haivui shingoni hata akiingia benki.

Enzi hizo Darubini alikuwa mtafiti wa wanyamapori, upande wa ndege. Kazi yake ilikuwa kujificha ndani ya kibanda cha turubai msituni tangu alfajiri, kimya, akiangalia ndege wadogo weusi wenye vifua vyeupe. Kila dume alivishwa mguuni pete ya rangi yake ili ajulikane nani ni nani. Aliandika nani karuka, nani katua, nani kamlisha nani. Alichokatazwa na sayansi ni kuandika walivyojisikia. Basi akirudi nyumbani aliyaandika hayo aliyokatazwa, huku akiwageuza ndege kuwa watu, mpaka yakawa riwaya. Riwaya ikapendwa, mchapishaji akaomba nyingine, na Darubini akaaga utafiti akawa mwandishi wa kuandika tu.

Hapo ndipo ugomvi na Mzee ulipoanzia.

"Binti," Mzee alisema sasa, kwa sauti ile laini anayowaelezea wagonjwa vidonge vyao, "sisi hapa tunakupenda. Lakini mwanangu alituletea mtafiti, mtu wa shahada zake, anayeheshimika. Leo watu wakiniuliza mkwe wangu anafanya nini, niseme anaandika mapenzi?"

"Sema anaandika vitabu, baba," Fundi akamjibu.

"Vitabu vya nini? Arudi kazini, na tarehe tunaitaja hapahapa kabla chai haijapoa."

Shangazi akameza keki. "Mzee wangu, lakini hicho kitabu umekisoma?"

"Sisomi vitu vya kutunga. Ni kupoteza muda."

"Mimi nimekisoma," mama mshonaji akasema.

Alisema kwa upole tu, kama mtu anayesema kanzu yako iko tayari. Akavaa miwani, akachomoa pini ya kwanza, akafungua ukurasa. Darubini akajiweka sawa kwenye kiti, mashavu yanamwaka kwa haya. Fundi akamfinya kidole chini ya meza.

Mama akasoma: "'Akitoka nyumba ya pili hakwenda moja kwa moja nyumba ya kwanza. Alioga kwanza. Kisha akazunguka nyuma, akapiga mluzi kabla hajaonekana, na mkononi hakukosa kitu cha kula. Mke wake akiusikia mluzi ule husema moyoni, nimependwa.'"

Akafunga kitabu, kidole kikiwa ndani yake.

"Mume wangu," akasema, "wewe ukitoka dukani hupitia mlango gani?"

"Si ninapitia..." Mzee akaanza, akakohoa. "Ninapitia jikoni. Kwani kuna nini?"

"Na hupiga mluzi. Na Alhamisi hurudi umeshaoga, nikikuuliza unasema ni vumbi la dawa. Na mkate wa moto haukosi."

Darubini alihisi kidole chake kimeachiwa chini ya meza. Mama akamgeukia, macho makavu.

"Mwanangu, nani alikuambia mambo ya nyumba yangu?"

Darubini akacheka. Si kwa dharau, bali kwa kuwa jambo lenyewe lilikuwa la ajabu mno kuwa la kweli.

"Mama, hakuna mtu aliyeniambia. Yule mwanamume kitabuni ni ndege. Ndege kabisa. Tulimwita Pete Nyekundu. Alikuwa na viota viwili, kimoja huku, kingine ng'ambo ya kijito. Akitoka kile cha pili anaoga kijitoni, anazunguka kwa nyuma, anaimba, ndipo anaingia cha kwanza na mdudu mdomoni. Mimi kutunga sijui, mama. Nilichojua ni kuangalia, nikachukua niliyoyaona nikamvika suruali."

Shangazi akaangua kicheko mpaka chai ikamwagika. "Wallahi wanaume na ndege ni ndugu, wanapishana mabawa tu."

Mzee naye akacheka. Alicheka kwa muda mrefu kuliko utani wenyewe, akajipangusa macho kwa leso. "Umesikia, mke wangu? Ndege. Ungenivunjia ndoa kwa ajili ya ndege."

Mama hakucheka. Fundi ndiye aliyesimama ghafla akalinyakua birika ambalo lilikuwa bado zito.

"Chai imeisha," akasema. "Darubini, njoo unisaidie."

Jikoni alifunga mlango, akaliweka birika juu ya jiko na kuwasha moto, kisha akageuka. Darubini hakuwahi kuiona sura ile. Midomo ilikuwa imemkauka na jicho moja lilikuwa linachezacheza.

"Tangu lini unamfuatilia baba yangu?"

Darubini akadhani ni utani. Akamwendea amshike mkono, Fundi akaukwepesha.

"Fundi, si nimeeleza sasa hivi? Ni ndege."

"Usinifanye mtoto. Kuoga, mluzi, kuzungukia nyuma, yote hayo ni ya ndege?"

"Yote. Waulize wenzangu wa msituni, watakuambia."

"Na mtoto naye ni ndege? Mpaka na pengo lake la mbele?"

Birika likaanza kuvuma taratibu. Darubini alisimama palepale, mkono wake ukiwa bado umenyooshwa kumtafuta mchumba wake.

"Mtoto gani?"

"Huyo wa nyumba ya pili. Wa kwenye kitabu."

"Kwenye kitabu changu nyumba ya pili haina mtoto."

Waswahili husema ulimi hauna mfupa, na wa Fundi ulikuwa umeteleza mpaka chini, hauinuki.

Darubini akajishikiza kwenye ukingo wa sinki. Mambo mawili yalimjia kwa pamoja na hakujua lipi limemchoma zaidi.

"Uliniambia umekisoma chote," akasema polepole. "Uliniambia mwishoni ulilia."

"Niliishia sura ya tatu. Nilijua utakuwa umemwandika na mtoto, sikuweza kuendelea."

"Kwa hiyo mtoto yupo."

Fundi akakaa juu ya stuli, akaegemeza paji la uso kwenye viganja vyake. Alipozungumza, sauti ilitokea chini sana.

"Ni mdogo wangu. Ana miaka minane. Niliitwa kutengeneza lifti kwenye jengo lao, mlango ulipofunguka nikamkuta baba amesimama mbele yangu, amembeba mabegani, anampigia mluzi. Unajua aliniambia nini? Hakuniambia samahani. Aliniambia, mama yako ana presha."

"Lini hiyo?"

"Kabla sijakujua wewe."

"Na baada ya hapo?"

"Baada ya hapo nikawa naenda kumwona mtoto. Ana kosa gani yule? Akiniona anaita kaka mpaka ngazi zinaitikia. Naenda Jumapili."

Jumapili. Darubini alilisikia neno hilo likipita kifuani kama maji ya barafu. Jumapili ndiyo siku ambayo Fundi alikuwa hapatikani kwenye simu, kwa sababu ya lifti za hospitali ambazo haziwezi kusubiri Jumatatu. Amewahi kumwonea huruma kwa hizo Jumapili. Amewahi kumpikia akamwekea.

"Lifti za hospitali," akasema.

"Ningekuambia nini, Darubini? Siri haikuwa yangu."

"Uongo lakini ulikuwa wako."

Fundi akasimama, akamshika mabega. Mikono ile aliijua, mikavu, yenye harufu ya grisi isiyotoka hata kwa sabuni, na hata wakati ule, Mungu amsamehe, alitamani kuegemea kifua chake alie.

"Nisikilize mpenzi wangu. Rudi pale umwambie mama tena, kwa uzito, kwamba ni ndege tu. Sikuombi useme uongo. Si ni kweli ni ndege? Sema ukweli wako, yaishe. Baba amenikonyeza pale sebuleni, mimi namjua. Ukimtuliza mama, tarehe tunapewa leo na kuandika utaendelea kuandika. Baba hatakusumbua tena."

"Yaani ukweli wangu uwe kifuniko cha chungu chenu."

"Kwa ajili yetu. Kwa ajili ya harusi yetu."

Darubini alimwangalia. Miaka aliyokaa kwenye kibanda cha turubai ilimfundisha kwamba ukitaka kumjua kiumbe usimtazame anapoimba, mtazame anapodhani hakuna hatari. Na huyu mtu wake ndivyo alivyokuwa akiishi, anakula na mama yake, anamtania, anamsifu mshono, anambusu shavuni, na Jumapili anafunga mlango nyuma yake anakwenda. Kwa utulivu. Bila jicho kucheza. Alikuwa anafanya vizuri sana, na hilo ndilo lililomtia hofu.

Birika likachemka. Fundi akalibeba, wakarudi.

Sebuleni mambo yalikuwa kama walivyoyaacha. Ila shangazi hakuwa akitafuna tena. Mama mshonaji alimsubiri Darubini akae, akamsogezea kikombe.

"Nimekuwa nikimfikiria huyo ndege jike," akasema. "Wa kiota cha kwanza. Yeye huwa anajua?"

"Sijui, mama." Darubini akakipokea kikombe. "Niliyemvisha pete ni dume. Jike sikumfuatilia."

"Basi ungemfuatilia. Anajua."

"Mke wangu," Mzee akasema.

"Nyamaza kwanza. Anajua, mwanangu. Mimi najua kuna mtu tangu zamani. Nguo zake si ninazifua mimi, vifungo si ninavirudishia mimi? Siku moja alirudi na kifungo kimeshonwa kwa uzi ambao humu ndani haupo. Nikanyamaza. Unajua kwa nini?" Akamwonyesha Fundi kwa kidevu. "Kwa ajili ya huyu. Alikuwa akimpenda baba yake kupita kiasi. Nikasema, acha nimeze mimi, yeye asionje. Kwa hiyo la mume wangu silitafuti, ninalo. Ninalokuuliza ni moja, wewe ambaye kazi yako ni kuangalia watu na ndege. Mwanangu anajua?"

Darubini hakutegemea swali hilo. Hakuna aliyelitegemea. Mzee alishika kikombe hewani. Fundi, aliyekuwa amesimama nyuma ya kiti cha mama yake, alitikisa kichwa kidogo tu, na macho yake yalikuwa yanamsihi kwa namna ambayo siku nyingine yoyote ingemyeyusha. Neno moja tu lilihitajika. Ndege. Aseme ndege, na tarehe iko pale mezani, na nyumba, na mikono ile yenye harufu ya grisi kila jioni ya maisha yake.

"Ndege ni kweli, mama," akasema. "Nilimwona kwa macho yangu. Lakini la mwanao mwulize mwenyewe. Siwezi kumsemea, na kumfichia siwezi."

Mama hakugeuka haraka. Alivua miwani, akaikunja, ndipo akageuka.

"Kumbe na wewe," akamwambia mwanawe.

Fundi akapiga magoti pale pale kwenye zulia. "Mama, nilikuwa nakulinda. Nilisema ukijua utaanguka."

"Nami nilikuwa nakulinda wewe. Tazama sasa tulivyolindana." Sauti haikupanda. "Ana mtoto?"

"Ndiyo."

"Wa kike?"

"Wa kike. Miaka minane."

"Anaitwa nani?"

Fundi akainamisha kichwa. Mama akarudia swali lake, safari hii akimtazama mumewe. Mzee alikirudisha kikombe, kikakosa kisahani, chai ikatambaa kwenye kitambaa cha meza alichokidarizi mkewe kwa mkono.

"Anaitwa nani?"

"Jina lako," Mzee akasema.

Hakuna aliyemwelewa mara moja. Shangazi ndiye aliyeelewa wa kwanza, na kwa mara ya kwanza tangu Darubini amjue, hakuwa na mzaha kinywani.

"Ili ulimi ukiteleza usimuumbue," akasema taratibu. "Akiita huku, akiita kule, ni lilelile."

Mzee hakukana. Mama mshonaji akakaa akimwangalia, midomo ikimchezacheza kama mtu anayehesabu mishono.

"Usingizini huwa unaniita," akasema. "Nimewasimulia wateja wangu wote. Nimewaambia, mume wangu hata akilala ananitaja."

Akainuka. Hakumtazama mtu. Akaingia chumba chake cha kushonea, akafunga mlango, na baada ya muda wakasikia cherehani ikianza, taratibu kwanza, halafu kwa kasi, bila kupumzika.

Darubini alijikuta nje na shangazi yake bila kukumbuka kuaga. Machozi aliyoyasubiri hayakuja, mshtuko ulikuwa umeyaziba. Walikuwa wameshashuka ngazi za baraza Fundi alipowafikia.

"Darubini. Mimi si baba."

"Najua."

"Mimi nakupenda wewe peke yako. Sina kiota cha pili. Kosa langu ni kunyamaza."

"Najua, Fundi. Nami nakupenda, ndiyo maana hata kupumua nashindwa." Akamtazama usoni, akatafuta yule kijana wa ndani ya lifti, akamwona, alikuwa yupo bado. Hilo likamuuma kuliko yote. "Jina ulikuwa unalijua?"

"Nilikuwa nalijua."

"Mama akisimulia kwamba anatajwa usingizini, wewe ulikuwa unafanya nini?"

"Nilikuwa nacheka naye," akasema.

Shangazi akamshika mpwa wake mkono, akamvuta kama alivyokuwa akimvuta utotoni kuvuka barabara. "Twende mwanangu. Tarehe haipangwi kwenye nyumba inayoungua."

Wakaenda. Mtaa ulikuwa mweupe kwa jua la alasiri, mtu anaosha gari, redio inaimba dirishani, dunia haina habari. Hawajafika kwenye kona Darubini akasikia akiitwa nyuma yake. Hakuitwa Darubini. Fundi alimwita kwa jina lake lenyewe, alilopewa na wazazi wake, mara moja, kisha mara ya pili, kwa sauti ya kupasuka ambayo hakuwahi kuisikia kwake. Shangazi aligeuka. Yeye hakugeuka, maana kwa mara ya kwanza alilisikia jina lake na hakuwa na uhakika kama anayeitwa ni yeye.